Si Kila Azibaye Masikio ni Mkaidi

Leo napenda tuongee habari ya watoto ambao twawaita wakaidi, hali hatujawapima.

Huko kwenu bila shaka yuko mtoto ambaye ngoma ya Misa ikilia huziba masikio na kukimbilia nje. Mwingine akivikwa shati jipya la shule hulia kana kwamba ametiwa siafu mgongoni. Mwingine hali senene, si kwa ajili ya ladha, bali hawezi kuvumilia vile wanavyokwaruza mdomoni. Na mvua yetu ya Bukoba ikipiga bati, yuko ajifichaye chini ya kitanda wakati nduguze wamelala fofofo. Baba husema, "Ana kiburi." Jirani husema, "Amerogwa." Kisha fimbo.

Chuoni tulipojifunza ualimu tulihesabu milango mitano ya fahamu. Bibi Jean Ayres wa California, Marekani (1920–1988), alisisitiza kwamba iko miwili tena: ule wa ndani ya sikio, utufanyao tusimame bila kuyumba, na ule wa misuli na maungio, ambao kwa huo waweza kutia tonge kinywani gizani. Habari za milango yote hufika ubongoni zikapangwa. Katika kitabu chake cha mwaka 1972 alieleza kwamba kwa watoto wengine upangaji huo huenda vibaya. Sauti ndogo huwa radi. Ama kinyume chake, mtoto huchubuka goti asisikie maumivu, hujigonga na miimo ya mlango, hazunguki akatosheka.

Basi mtoto wa namna hiyo hupimwaje? Hakuna tone la damu liwezalo kuonyesha jambo hili, wala picha ya eksirei. Kwanza yapimwe masikio na macho, na jambo hili msiliruke, kwa maana asiyeitika akiitwa huenda hasikii kabisa (na watoto viziwi wanayo shule yao Mugeza), na azibaye sikio huenda lina usaha. Kisha mtaalamu wa tiba kwa vitendo, ambao hufundishwa KCMC, Moshi, humtazama mtoto akicheza, akipanda, akivaa. Humwuliza mzazi maswali mengi: Hufanya hivyo mara ngapi? Nyumbani tu, au na shuleni? Kabla yake palitokea nini? Jambo hili lamzuia kula, kulala, kusoma?

Orodha ya maswali ijulikanayo sana ni ya Bibi Winnie Dunn, Mmarekani pia, iliyotoka mwaka 1999. Ya vijana na watu wazima ikafuata mwaka 2002. Kwa maoni yangu, kwetu lazima itumiwe kwa akili, kwani ilipimwa kwanza kwa watoto wa huko. Mtoto wa Muleba aulizwe habari za bati, kengele, moshi wa jikoni na vumbi la barabara.

Watu wazima nao wamo. Mzee mmoja wa hapa kwetu amesikiliza Misa akiwa mlangoni maisha yake yote, na watu walimdhania ana uzito wa dini. Siku moja nilimwuliza maswali mawili matatu. Akacheka, akasema ngoma humpiga tumboni, na ubani humtapisha tangu utoto.

Waganga wenyewe hawajapatana juu ya jina. Chama cha madaktari wa watoto cha Marekani kilisema mwaka 2012 kwamba jambo hili lisiandikwe kuwa ugonjwa wa peke yake, bali yatafutwe mengine yaliyo nyuma yake, kama usonji. Mimi naona wamesema vema. Lakini mtoto hangoji jina ndipo aumie.

Mwaka mmoja, nikinakili orodha ya Komunyo ya Kwanza, nilikuta jina la msichana limekatwa. Katekisimu aliijua yote. Alikatwa kwa kuwa siku ya mazoezi aliitema hostia ambayo haijageuzwa, na katekista akaona ni dharau. Bibi yake alikuja ofisini, akangoja nje mpaka saa sita, apate kusema neno moja: "Mwanangu, huyu hata ukoko hawezi kuuweka ulimini. Tangu alipoachishwa ziwa." Nikampelekea Padre Paroko maneno hayo. Padre akaagiza apewe vipande vya hostia zisizogeuzwa, vidogo kama punje ya mtama, ajizoeze kwa bibi yake, na maji kando. Kama ingeshindikana, Sheria ya Kanisa, kanuni ya 925, yaruhusu Komunyo katika umbo la divai peke yake panapo lazima, maana Kristo yu mzima katika kila umbo. Haikufika huko. Alipokea pamoja na wenzake, kipande kidogo, na jina lake nikaliandika upya kwa wino.

Mzazi aendaye Rubya, Kagondo, au hospitali ya mkoa mjini Bukoba, achukue daftari. Kwa majuma mawili aandike siku, saa, mahali, kilichosikika au kilichogusa ngozi, na alivyofanya mtoto. Daktari ana foleni ndefu, nawe ukiulizwa ghafula utasahau nusu. Asiyejua kuandika amtume mwanawe wa darasa la tano, au aende kwa karani wa parokia yake.