Kanda za Kaka

Kaka alipohama nyumbani aliniachia redio ya kaseti na kanda za The Clash. Mimi wa Mbagala na vijana wa London wa mwaka 1977 tunajuana wapi? Lakini ile kanda ya kwanza ilinikamata shati: nyimbo fupi, gitaa linakwaruza, jamaa anapayuka kama konda aliyedhulumiwa nauli.

Basi nami nikaanza kuandika hivyo hivyo. Hadithi yangu ya kwanza, ya mwenye nyumba na wapangaji wake, ilikuwa hasira tupu, na kijiweni waliipigia makofi. Ya pili hivyo hivyo. Ya tatu pia. Ya nne nikaandika juu ya mama anavyokunja khanga za marehemu bibi, bila kumgombeza mtu. Mshikaji wangu wa karibu akaitupa mezani. "Bwana we, umelainika!" Tukaacha kusalimiana.

Nikarudi kwenye kanda. Albamu ya kwanza ni hasira kweli, ingawa hata humo wameingiza wimbo wa rege wa Junior Murvin wa Jamaika. Desemba 1979 wakatoa London Calling: santuri mbili kwa bei ya moja, nyimbo 19, ndani yake rege, ska, rokabili, hadi jazi. Mwaka uliofuata ikaja Sandinista!, santuri tatu, nyimbo 36. Ndefu mno, nakubali. Mengine humo ni kujaribujaribu tu. Lakini walijaribu. Combat Rock ya 1982 ikauzika sana Marekani, na wapo walionuna kwamba panki imesalitiwa.

Mwaka 1983 wakamfukuza Mick Jones, aliyekuwa akitunga na Joe Strummer tangu mwanzo. Mwaka 1985 wakatoa Cut the Crap, wakitaka kuirudia panki ya zamani, ile ile tuliyokuwa tukiidai kijiweni. Na hiyo ndiyo albamu ambayo wapenzi wao wengi huiona dhaifu kuliko zote. Nimeisikiliza, msomaji mwenzangu. Ni hasira ya kukariri. Nikazikumbuka hadithi zangu, ya pili na ya tatu.

Novemba 2002 Strummer alikuwa akipiga muziki London kuwachangia wazima moto waliogoma. Jones, aliyekuwa miongoni mwa watazamaji, akapanda jukwaani. Hawakuwa wamesimama pamoja jukwaani tangu 1983. Desemba 22 mwaka ule ule Strummer akafariki kwa ugonjwa wa moyo. Alikuwa na miaka 50.

Tarehe hizo zilininyima usingizi. Jana nikaenda kwa mshikaji wangu. Sikuomba radhi, na hadithi sikuibadili hata nukta. Nilibisha hodi, nikampa karatasi. Akasoma kurasa mbili amesimama pale pale mlangoni, kimya.

"Bibi alifariki lini?" akauliza.

Nikamwambia. Akasogea, nikaingia ndani.