Tanzia: Mzee Mtepe

Ukoo wa vyombo vya pwani unasikitika kutangaza kifo cha mzee wao Mtepe, kilichotokea visiwani Lamu miaka ya 1930. Tangazo limechelewa kwa sababu aliondoka polepole, na wengi wetu tulidhani yuko safarini.

Marehemu alitoka katika nasaba kongwe ya mashua za kushonwa. Mgiriki mmoja aliyeandika kuhusu mwambao huu yapata miaka 2,000 iliyopita alizitaja. Vasco da Gama na watu wake walipopita mwaka 1498, walizikuta zingali baharini, na matanga yake ya mkeka.

Mwilini hakuwa na msumari hata mmoja. Makumbi ya nazi yalifukiwa kwenye tope la ufuoni mpaka yakalainika, yakapondwa, usumba ukasokotwa kamba. Mbao zikatobolewa kandokando, kamba ikapitishwa tundu kwa tundu na kukazwa, kisha tundu likazibwa kwa kigingi cha mti. Gubeti yake iliinuka kama shingo ya ngamia. Wenyewe wakisema ni ngamia wa Mtume. Kwa tanga lake la miyaa alipeleka boriti za mikoko Unguja.

Tusimpambe kwa kuwa amekufa: alikuwa akivuja, na mabaharia walifua maji usiku na mchana. Lakini akikwama mchangani mwili ulinyumbuka, na kamba zikichakaa alifumuliwa, akashonwa upya.

Kilichomuua ni msumari. Ulipopatikana kwa urahisi, jahazi la kupigiliwa likawa halimchoshi mtu kwa kushona wala kwa kufua maji. Hatumlaumu yeyote, mwenye mzigo hamsubiri mshonaji.

Mwaka 2003 mafundi walishona mfano wake Unguja, wakauita Shungwaya, ukawekwa katika jumba la Beit al-Ajaib. Mwaka 2020 sehemu ya jumba lenyewe ikaporomoka. Huko Lamu, sura yake ndogo imo makumbushoni, haijui maji ya chumvi.

Ameacha jahazi, mashua, dau na ngalawa. Ameacha pia kina mama wa Unguja ambao mpaka leo hufukia makumbi ufuoni na kusokota kamba ileile, ya kufungia mbuzi na kuwambia vitanda. Kwa hiyo uzi tunao. Tuliouzika ni mkono wa fundi aliyejua tundu lipi litangulie.