Mtoto Mgonjwa Asipelekwe Skuli

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na Aali zake na Sahaba zake.

Ama baada ya hayo, ndugu zetu wazazi, makala haya hatuyaandiki kwa kuwa tu watu wa elimu kubwa katika jambo hili. Twayaandika kwa kuwa tulikuwa tukilijua wala hatukulitenda, na madhara yake yakamfika asiye na kosa.

Siku moja mwishoni mwa muhula, binti yetu, aliyekuwa na umri wa miaka 7, aliamka macho mekundu, pua ikimchuruzika, kifua kinakohoa na mwili wa moto. Mama yake akasema, "Huyu leo na alale." Sisi tukakataa. Mtihani ulikuwa umebakia siku mbili, na zaidi ya hayo tulikwisha jisifu mbele ya jamaa kuwa mtoto wetu hakukosa skuli hata siku moja tangu mwaka kuanza. Tukamsagia kidonge cha kutuliza homa, tukamnywesha. Na ilipofika saa moja mwili ulikwisha poa, akavaa nguo zake za skuli akaenda. Alasiri, kama ilivyo ada yake, akaenda chuoni.

Chuo hicho ki barazani kwa bibi mmoja mcha Mungu, aliyewasomesha watoto wa mtaa wetu tangu sisi wenyewe tukiwa wadogo. Siku zile alikuwako mjukuu wake wa miezi 8, akitambaa juu ya mkeka baina ya wanafunzi. Binti yetu alikuwa akimpenda sana, na siku hiyo pia alimpakata kama siku zote.

Siku ya nne vipele vikamtoka binti yetu nyuma ya masikio, kisha usoni, kisha mwili mzima. Daktari alipomtazama alisema ni surua, akatutaka kadi ya chanjo. Chanjo ya kwanza, ya miezi 9, ilikuwa imeandikwa. Ya pili, ya miezi 18, haikuwamo. Wakati wake ulipofika tulikuwa safarini, na tuliporudi tukasahau. Kwa fadhila za Mungu binti yetu akapona, nasi tukadhani mambo yamekwisha.

Hazikutimia wiki mbili tangu siku ile ya kidonge, tukasikia kuwa mjukuu wa bibi amelazwa. Surua ilimshuka mapafuni. Alilala hospitali siku 11, akivuta pumzi kwa taabu, na bibi yake kando ya kitanda na tasbihi mkononi. Mwenyezi Mungu akamrejesha. Lakini masikio yalimtoka usaha kwa muda mrefu, na sikio lake moja halisikii vyema hata leo.

Tulikwenda kumtaka radhi yule bibi. Tukamweleza yote bila ya kuficha: homa, na kidonge, na onyo la mama wa mtoto tulilolipuuza. Alinyamaza kitambo, kisha akasema, "Mwanangu, lilikwisha andikwa. Mimi nimekusamehe." Tukarudi nyumbani tumesamehewa, lakini hatukurudi na raha. Kwani yeye aliyefikwa na msiba ana haki ya kujiliwaza kwa kadari. Ama sisi tuliousababisha, hatuna haki ya kujificha nyuma yake.

Hapa ndipo penye kosa la wengi wetu. Husemwa, "Maradhi ni ya Mungu, akitaka kumpata mtu yatampata." Maneno haya ni ya kweli, lakini tazameni Sayyidna Umar, Mungu amuwie radhi, aliyafahamu vipi. Yapata mwaka wa 18 wa Hijra, alipokuwa njiani kwenda Sham na watu wake, alipewa khabari kuwa tauni imeingia katika nchi ile. Baada ya kushauriana na Sahaba aliamua kurejea. Abu Ubayda akamwuliza kama anaikimbia kadari ya Mungu. Umar akamjibu kuwa ndiyo, wanaikimbia kadari ya Mungu kwenda kwenye kadari ya Mungu; akampigia mfano wa mtu mwenye ngamia aliyefika kwenye bonde lenye pande mbili, mmoja una majani na mwingine mkavu: upande wowote atakaowalisha, atakuwa amewalisha kwa kadari ya Mungu. Kisha akaja Abdurrahman bin Auf akawaeleza aliyoyasikia kwa Mtume, kuwa penye tauni msiende, na ikiwafikia mlipo msitoke kwa kuikimbia.

Wako pia wanaoshika ile hadithi inayokanusha uambukizo, wakasema basi hapana haja ya kujikinga. Lakini Mtume huyo huyo, rehema na amani zimshukie, alikataza mwenye ngamia wagonjwa asiwapeleke kwa ngamia wazima. Wanavyuoni wengi wamezikutanisha hadithi hizi wakasema: kilichokanushwa ni ile itikadi ya zama za ujahili kuwa maradhi yana nguvu zake yenyewe bila ya Mungu, ama kuwa Mungu amejaalia maradhi yapite kwa sababu zake, na kuwa yatupasa kuziepuka sababu hizo, hilo limethibiti. Ikiwa ngamia wazima wana haki ya kukingwa na wagonjwa, je, mtoto wa miezi 8 juu ya mkeka hana?

Na sababu za surua zajulikana. Mgonjwa huanza kuambukiza siku 4 kabla ya vipele kutoka, na huendelea mpaka siku 4 baada yake. Maradhi hayo hupita kwa pumzi, na yaweza kubaki katika hewa ya chumba hata saa 2 baada ya mgonjwa kuondoka. Katika watu 10 wasio na kinga wanaokaa karibu na mgonjwa, hadi 9 huambukizwa. Basi kile kidonge chetu hakikuondoa lolote katika hayo. Kiliondoa joto tu, na joto ndilo lililokuwa likituonya.

Haya ndiyo tuliyojifunza kwa waganga wa hospitali, nasi twayapanga hapa ili kila nyumba iyahifadhi. Mtoto mwenye homa na abaki nyumbani mpaka apitishe siku nzima bila ya homa, na bila ya dawa ya kuituliza. Mwenye kutapika au kuharisha na abaki mpaka zipite saa 48 tangu mara ya mwisho. Mwenye surua asitoke mpaka zipite siku 4 tangu vipele kutokeza. Mwenye tetekuwanga, mpaka malengelenge yote yakauke na kufanya magaga. Mwenye matumbwitumbwi, siku 5 tangu mashavu kuvimba. Na mwenye kifaduro, siku 5 tangu kuanza dawa aliyopewa na daktari, na asipotibiwa, wiki 3 tangu kikohozi kuanza. Ama malaria haipiti kwa mtoto kumkaribia mwenziwe, lakini huua upesi. Basi kila homa na ipimwe siku hiyo hiyo, wala isingojwe kesho.

Wala hatusemi kila mtoto akipiga chafya alazwe kitandani. Mafua madogo yasiyo na homa, mtoto naye akila na kucheza, si udhuru. Na mwenye pumu iliyotulia hamwambukizi mtu. Wako na watoto ambao tumbo huwauma siku ya hesabu tu, na mzazi mwenye macho huwajua. Kumzoeza mtoto uvivu ni kosa, kama lilivyo kosa kumtoa mgonjwa nje. Kila jambo lina mizani yake.

Na haya tuyasemayo juu ya skuli ni hayo hayo kwa chuo, na msikiti, na harusi, na kila penye mkusanyiko. Wengine humzuia mtoto asiende skuli, kisha alasiri humpeleka chuoni wakidhani baraka ya mahali itazuia madhara. Baraka ya Qur'ani haina shaka, lakini katika adabu za wenye kuisoma ni kutowadhuru wenzao.

Khofu ya wazazi twaijua, kwani ndiyo iliyotupotosha: mtoto atakosa masomo. Lakini tufikiri. Mwenyezi Mungu amemwondolea mgonjwa saumu ya Ramadhani, ambayo ni nguzo katika nguzo za dini, akamruhusu kuilipa siku nyingine. Itakuwaje sisi tusimwondolee mtoto hesabu ya siku mbili? Na Mtume ametupa bishara kuwa mja akiugua huandikiwa mfano wa amali alizokuwa akizitenda alipokuwa mzima. Nasi twawaomba waalimu, kwa heshima yao kubwa, wasimwadhibu mtoto kwa siku alizougua, wala wasiifanye zawadi ya kutokosa hata siku moja kuwa mtego wa kuwaleta wagonjwa darasani.

Liko na jambo la mama anayetoka alfajiri kwenda kutafuta riziki, asiye na wa kumwachia mwanawe. Huyu hatumlaumu, lawama ni yetu sisi majirani tunaoufunga mlango. Mzee aliyekwisha pata surua utotoni, au mtu mzima aliyechanjwa, aweza kukaa na mtoto wa jirani mpaka adhuhuri, na hiyo ni sadaka isiyomgharimu hata senti moja. Na kila mzazi na aitazame kadi ya chanjo leo hii, kabla hajalala.

Mjukuu wa yule bibi sasa amekuwa mkubwa, naye anasoma pale pale barazani. Bibi humkalisha kila siku upande wake wa kulia, ili sikio lake zima limwelekee. Kila tupitapo njiani tukawasikia, yeye na bibi yake, aya kwa aya, hutoa salamu, nao hutuitikia.

Ewe Mola, waponye watoto wetu na watoto wa majirani zetu, na utusamehe tuliyoyatenda kwa ghafla na kwa kiburi. Amin.