Mchuzi Ndani ya Unga: Safari Yangu ya Kwanza Xi'an

Wengi wetu tukienda China tunaishia Guangzhou. Mfanyabiashara anashuka, anapanga chumba mitaa ya Xiaobei, anajaza kontena, anarudi nyumbani. Mimi Guangzhou nilipita tu. Mtoto wa kaka yangu anasomea udaktari Xi'an, mji mkuu wa jimbo la Shaanxi, naye alikuwa amenisisitizia kwa muda mrefu niende nikaone huko ambako Waislamu wa Kichina wanapika nyama ya kondoo kwa namna ambayo hajaiona pengine popote.

Treni ya mwendokasi kutoka Guangzhou inakwenda zaidi ya kilomita 2,000 kwa muda wa saa nane hivi. Ulikuwa mwezi wa Novemba. Kusini dirisha lilijaa majaruba ya mpunga. Tulipouvuka Mto Yangtze pale Wuhan ardhi ikaanza kutandazika, na kufika Henan ni ngano tupu, ndiyo kwanza inachipua. Ukiona hivyo unajua chakula nacho kimebadilika. Kusini wanakula wali, kaskazini wanakula unga.

"Shikamoo shangazi. Pole na safari. Umekula?"

"Marahaba mwanangu. Nimekunywa chai tu. Nipeleke."

Alinipeleka moja kwa moja mtaa wa Wahui, ndio hao Waislamu wa Kichina, nyuma ya Mnara wa Ngoma uliojengwa mwaka 1380. Xi'an ndiyo Chang'an ya zamani, makao ya wafalme wa Tang, mahali ambapo misafara ya Njia ya Hariri ilianzia na kuishia. Waislamu waliingia kwa njia hiyo, wakaoa, wakazaa, wakawa watu wa hapo. Msikiti wao mkuu hauna kuba: mapaa yamepinda ncha, yameezekwa vigae vya samawati, na mnara wake ni jumba la pembe nane. Nilisimama uani kwa muda mrefu, nikifurahi kuona dini yangu imevaa nguo za wenyeji bila kupungukiwa kitu. (Askari wa udongo waliofukuliwa mwaka 1974 nilikwenda kuwaona pia. Wanastahili sifa zao, ila wameshaandikwa vya kutosha.)

Chakula cha kwanza kilikuwa yangrou paomo, supu ya kondoo inayotambulisha mji huu. Unapewa bakuli tupu na mkate mviringo, mgumu. Kazi ya kuumega ni yako mwenyewe, vipande vidogo kama punje za maharage, na wenyeji wanaifanya polepole huku wakizungumza. Bakuli linarudi jikoni, mpishi anaupika mkate ule katika supu pamoja na minofu ya kondoo na tambi nyembamba zinazong'aa, kisha linaletwa na vitunguu saumu vilivyolowekwa kwenye siki na sukari. Ni chakula kizito, cha watu wa baridi. Mkate umekunywa supu yote.

Kwa bibi mmoja wa Kihui mambo yaligeuzwa: supu ndiyo iliyoingia ndani ya mkate. Bibi huyu ni nyanya wa rafiki yake mtoto wetu, naye alikubali tuingie jikoni kwake tujifunze kupika guantang bao, yaani baozi (vidonge vya unga vilivyojazwa nyama na kupikwa kwa mvuke) zenye mchuzi ndani. Salamu ya "Assalamu alaikum" haikuhitaji mkalimani. Yaliyobaki mtoto alinitafsiria.

Alianza jioni kwa mifupa ya kondoo, makongoro na kano. Aliichemsha, akamwaga maji ya kwanza, akaiosha, akaitia maji mapya pamoja na kitambaa alichofungia shamari, mdalasini, tangawizi kavu, iliki kubwa nyeusi na pilipili ya Sichuan, ile inayotia ganzi ulimi. Moto mdogo. Kila mara alirudi na upawa kuengua povu na mafuta. Ilipofika hatua ya kuwa supu ya paomo, hakuipua. Aliiacha ipungue usiku ule hadi ikawa na nguvu nyingine: alichovya kijiko, akapaka tone kati ya kidole gumba na cha shahada, akabana na kuachia. Vidole vilinatana. Ndipo akaichuja kwa kitambaa, akaimimina kwenye sinia na kuiweka kibarazani, penye baridi kali.

Asubuhi aliligeuza sinia juu ya ubao na supu ikatoka nzima, ya rangi ya kahawia, inatikisika. Akaikatakata kwa kisu.

Siri yote iko hapo. Makongoro na kano vina kolajeni. Ikichemshwa kwa muda mrefu inageuka jelatini, ambayo kwenye joto ni majimaji na kwenye baridi inaganda. Baozi hazitiwi mchuzi, zinatiwa kitu kigumu, na mvuke ndio unaokirudisha kuwa supu wakati wewe umeshafunga mlango.

Nyama aliikata kwa visu viwili mpaka ikawa kima. Akaitilia kidogo kidogo maji yaliyolowekwa pilipili ya Sichuan, akikoroga upande mmoja tu, nyama ikayanywa yote. Tangawizi, vitunguu majani, sosi ya soya, mafuta ya ufuta. Vipande vya supu vilikuja mwisho. Nikanyoosha mkono nisaidie kuchanganya.

"Shangazi, bibi anasema mkono una joto. Tumia vijiti."

Unga ulikuwa umekandwa kwa maji na chumvi na kufunikwa nusu saa. Kila kidonge alikisukuma ukingo ukawa mwembamba na katikati pakabaki panene, maana hapo ndipo mchuzi utakapokaa. Kisha marinda. Kidole gumba cha kushoto kinaishikilia nyama chini, vidole vya kulia vinafinya ukingo rinda baada ya rinda, na mkono wa kushoto unaizungusha baozi yenyewe. Alipita marinda 20, yote sawa, bila kutazama. Aliushika mkono wangu, akauongoza hadi vidole vikazoea.

Zilikaa kwenye vikapu vya mwanzi juu ya maji yanayotokota kwa dakika kumi. Ngozi ikaangaza, tumbo likalegea kwa uzito. Unaiinua kwa shingo, unakinga kijiko chini, unang'ata kitundu, unafyonza. Siki nyeusi na mafuta ya pilipili vinafuata. Funda la kwanza ni supu ya kondoo halisi, nzito, yenye mdalasini kwa mbali. Paomo ni tamu, ila mkate umeshaimaliza nguvu ya supu. Baozi imeilinda, na mimi nazichagua baozi.

Wewe unayekunywa supu ya makongoro asubuhi umeshafika nusu ya njia. Chukua makongoro manne ya mbuzi na mifupa, chemsha hadi vidole vinatane, chuja, weka kwenye friji usiku kucha. Kwa kilo moja ya nyama, nusu kilo ya supu iliyoganda inatosha. Fanya kazi ya kujaza alfajiri, na toa kwenye friji kidogo kidogo, kwa sababu kwenye joto la Dar es Salaam au Mombasa supu itayeyuka kabla hujafunga marinda.