Kilimia bado kinachomoza Industrial Area

Msomaji mpendwa, hebu nikuulize swali dogo. Mwanao anazijua nyota ngapi kwa majina ya Kiswahili? Huenda akakutajia Zuhura, ambayo hasa ni sayari, kisha akanyamaza. Usimlaumu. Sisi wakazi wa Eastlands tumezoea kutazama chini, tusije tukakanyaga matope au kutumbukia mtaroni. Tukitazama juu, ni kuangalia kama mvua itazilowesha nguo kambani.

Hata hivyo, ukipita kwenye gereji za Industrial Area utaona kundi la nyota mchana kweupe. Limebandikwa mbele ya kila gari la Subaru: nyota moja kubwa na tano ndogo. Subaru ni jina la Kijapani la kundi ambalo Waswahili huliita Kilimia. Kampuni ya Fuji Heavy Industries iliundwa mwaka 1953 kwa kuunganisha kampuni tano, ndiyo maana ya zile nyota tano ndogo. Colin McRae alipoishinda Safari Rally ya mwaka 1997 kwa gari hilo, wengi waliomshangilia kando ya barabara hawakujua kwamba alama iliyopita mbele yao inatajwa na wazee wao kwa jina la jembe.

Naam, jembe. Kilimia kimetokana na neno kulima. Wazulu na Waxhosa kule Afrika Kusini hukiita isiLimela, na Waxhosa walihesabu miaka ya utu uzima wa mwanamume kwa isiLimela alizoziona tangu atahiriwe. Wagikuyu hukiita Kirimira. Wagiriki wa kale, kwa upande wao, walitunga hadithi ya madada saba, mabinti wa jitu Atlas. Waarabu husema Thuraya, na mabinti wengi wa pwani wamepewa jina hilo. Nyota ni zile zile, msomaji. Hadithi ndizo zilizotungwa na wanadamu, kila kabila kwa haja yake. Haja ya wazee wetu ilikuwa kujua siku ya kushika jembe.

Wataalamu wanatuambia kwamba kundi hilo lina nyota zaidi ya elfu moja, ingawa kwa macho matupu wengi wetu huona sita au saba. Mwaka 1610 Galileo alichapisha mchoro wake akitumia darubini, akaonyesha nyota 36. Nyota hizo ni changa, zina umri wa miaka milioni 100 hivi, ilhali jua letu lina zaidi ya miaka bilioni nne na nusu. Zile zinazong'aa zaidi zina joto kali mno, ndiyo sababu rangi yake ni ya samawati. Nuru yake husafiri takriban miaka 440 kabla ya kutufikia. Nuru utakayoiona usiku wa leo iliondoka huko kabla Wareno hawajaanza kujenga Fort Jesus pale Mombasa mwaka 1593.

Basi kalenda hiyo ilifanyaje kazi? Mwishoni mwa Novemba Kilimia huchomoza mashariki giza linapoingia, wakati wa mvua za vuli. Kila jioni huonekana kimepanda zaidi. Kufikia mwisho wa Aprili huwa kimeinama magharibi, na katikati ya Mei humezwa na mwanga wa jua. Mwezi wa Juni huzuka tena mashariki alfajiri, masika yakiwa yamepita. Ndiyo maana wahenga walisema kwamba Kilimia kikizama wakati wa mvua, huzuka wakati wa jua.

Marehemu baba yangu alikuwa kibarua wa kiwanda. Tuliishi Maringo, naye alitoka nyumbani saa kumi na moja na nusu alfajiri, akavuka Jogoo Road na kushika Likoni Road kwa miguu. Mama alikuwa shambani, sehemu za chini za Murang'a. Mwaka 1984 mvua ya masika ilikosekana. Mwisho wa Aprili mama aliandika barua akiomba pesa za mbegu apande mara ya pili, maana za kwanza zilikauka ardhini. Jioni hiyo baba alisimama nje ya nyumba, akatazama magharibi kwa muda, kisha akasema, "Kirimira kinazama. Msimu umekwisha." Hakutuma pesa za mbegu. Alimpa kondakta wa basi bahasha ya pesa za chakula. Mama alikasirika kwa wiki kadhaa, kwani kwa mkulima kukata tamaa ni aibu. Lakini mvua haikuja. Mwaka huo Wakenya walikula mahindi ya manjano kutoka ng'ambo, na sisi tulikula kwa sababu pesa hazikuwa zimezikwa mchangani.

Usidhani ninasema kwamba nyota huleta mvua. Nyota ni saa tu, na saa hiyo haijawahi kuchelewa. Mvua ndiyo imeacha kufuata saa. Tangu mwisho wa mwaka 2020 sehemu kavu za nchi yetu zilikosa mvua misimu mitano mfululizo. Kisha Aprili 2024 mafuriko yakabeba nyumba za watu Mukuru na Mathare. Mzee anayepima msimu kwa Kilimia pekee siku hizi anaweza kupotea, na ni heri asikilize pia utabiri wa idara ya hali ya hewa. Lakini tutajuaje kwamba majira yamehama, ikiwa tumeisahau saa iliyoyapimia?

Kwa hivyo nakuomba jambo moja, mzazi mwenzangu. Jioni ya Desemba au Januari, umeme ukipotea mtaani, usikimbilie mshumaa. Wapeleke watoto kwenye paa au uwanjani, waonyeshe kile kishada kidogo cha nyota zilizobanana. Wewe mwanafunzi, mwulize babu au nyanya yako anakiitaje kwa lugha ya kwao, ukaliandike jina hilo daftarini pamoja na mwezi aliopandia mbegu. Fanya hivyo mapema. Kilimia kitarudi kila mwaka, lakini babu hatarudi.