Kiapo cha Mama

Kitambulisho changu cha taifa kinasema nilizaliwa 1 Januari 1995. Cheti cha kuzaliwa kinasema 14 Novemba 1997. Kwa tofauti hiyo, ajira yangu ilikwama.

Mahakamani, hakimu alimuuliza mama tarehe. "Ijumaa, mheshimiwa, mvua za El Niño. Mto ulifurika. Baba yake akanivusha mgongoni, uchungu umeshanishika." Karani akaandika: 14 Novemba 1997. Mama akaweka dole gumba.

Nje niliisoma hati ya kiapo mara mbili. Tarehe ilikuwa sahihi, muhuri umekolea. Mto haukuwemo. Wala marehemu baba, aliyetuvusha wawili.

Miaka yote sikuwahi kumuuliza mama. Aliuliza hakimu.