Mbwa Anayejua Majina

Wengi kwetu husema kwamba kazi za mbwa ni mbili tu: kuwinda na kulinda nyumba. Wazee wetu walimfunga kengele ya mti shingoni, wakaenda naye porini, basi. Mimi nataka kuwaeleza kazi ya tatu: kuleta kitu anachoambiwa kwa jina lake.

Mama yangu haoni tena. Asubuhi, watoto wakiwa shuleni nasi tukiwa kazini, anabaki peke yake nyumbani. Fimbo yake ikianguka mbali, hawezi kuitafuta bila kujikwaa. Kwa sababu hiyo nilianza kumfundisha mbwa wetu, Simba.

Njia ni hii. Chagua kitu kimoja, ukipe jina moja fupi, wala usilibadilishe. Usiseme leo «fimbo», kesho «bakora». Mpe mbwa akishike kwa meno, nawe utaje jina: «Fimbo. Simba, fimbo.» Akikileta mpaka mkononi mwako, msifu, umpe ndagala moja. Akichoka, acha mpaka kesho. Akiisha kushika jina la kwanza, ndipo umfundishe la pili, «kopo». Kisha uviweke vyote viwili pamoja, ili achague mwenyewe.

Lakini hapa pana mtego. Mbwa ni hodari sana wa kumtazama mtu. Ukisema «kopo» huku unaliangalia kopo, atafuata macho yako, si neno lako. Utafikiri amejua, kumbe hajui kitu. Na mama hana macho ya kumwonyesha. Ana neno tu. Kwa hiyo weka vitu ndani, wewe ukae nje, umtume mbwa peke yake.

Wataalamu wa Ulaya nao walifanya vivyo hivyo. Katika Ujerumani walimjaribu mbwa aitwaye Rico, aliyejua majina ya vitu zaidi ya 200. Habari yake ilitangazwa mwaka 2004. Vitu viliwekwa katika chumba kingine, naye akaleta sawasawa mara 37 katika 40. Huko Marekani, John Pilley, mwalimu mstaafu wa chuo, alimfundisha mbwa wake Chaser majina 1,022 kwa muda wa miaka mitatu, saa nne au tano kila siku. Habari hiyo ilitangazwa mwaka 2011.

Simba wetu hakufika huko. Baada ya miezi mitano anajua vitu vinne: fimbo, kopo, viatu na kitambaa. Kwetu vinne vyatosha.

Jirani mmoja aliniuliza, taabu yote hii ina faida gani? Nikamwambia amwulize mama. Mama akajibu: «Zamani nilingoja mpaka mtu arudi. Sasa nasimama ninapotaka.»

Basi ninyi wenye mzee nyumbani na mbwa uani, jaribuni. Anzeni na kitu kimoja.